Maswali ya Wasomaji: Mtunzi wa Muziki katika Filamu za Mwanzo za Misri

Baada ya makala yetu juu ya kumbi za zamani za sinema za Unguja na Pemba, tumepokea barua nyingi zinazouliza, kila moja kwa njia yake, juu ya muziki wa filamu za Kimisri ambao wazee wetu waliusikia katika kumbi hizo na ambao hadi leo unasikika ndani ya taarabu. Nimechagua barua tano. Nimezifupisha, lakini sikuyagusa makusudio ya waliozituma.

Assalaam alaykum Maalim. Marehemu babu yangu alikuwa mpiga fidla, na alipenda kusema kwamba lau si Mohamed Abdel Wahab, Misri isingekuwa na muziki wa filamu. Mwenzangu mmoja anayesomea muziki ananiambia kwamba Abdel Wahab alikuwa muimbaji tu aliyependwa na watu, na kwamba filamu ni kazi ya mwongozaji. Naomba utufafanulie mtunzi alifanya nini hasa katika filamu hizo. — Msomaji wa Mkunazini, Unguja

Waalaykum salaam. Kwa maoni yangu babu yako, Mwenyezi Mungu amrehemu, alikuwa karibu zaidi na ukweli kuliko mwenzako. Mwongozaji alikuwa na kazi kubwa, nami nitaitaja, lakini katika filamu za nyimbo za Cairo za miaka ya 1930 mtunzi ndiye aliyeamua kama hadithi itakwenda mbele au itasimama. Ili jambo hili lieleweke ni lazima tuanze na filamu iliyotangulia, ambayo haikufanikiwa.

Sauti iliingia katika filamu za Misri mwaka 1932. Mwaka huo ilitoka Awlad al-Dhawat, filamu ya mazungumzo iliyoongozwa na Mohamed Karim na kuigizwa na Youssef Wahbi, na ikatoka pia Unshudat al-Fuad, filamu ya kwanza ya nyimbo, iliyoongozwa na Mario Volpi na kuimbwa na bibi Nadra. Mtunzi wa filamu hiyo ya pili alikuwa Zakaria Ahmad, na hakuna anayeujua muziki wa Kiarabu atakayethubutu kusema kwamba Zakaria Ahmad hakuwa hodari wa kazi yake. Hata hivyo watazamaji walichoka. Nyimbo zilikuwa ndefu mno, na wakati wote zikiimbwa hakuna kilichotendeka mbele ya macho yao.

Sababu yake inaeleweka ukiutazama wimbo wa Cairo wa zama hizo ulivyokuwa. Muimbaji alikaa na kundi dogo lililoitwa takht, yaani udi, kanuni (ala ya nyuzi nyingi inayolazwa), nai (filimbi ya mwanzi), fidla na rika (tari dogo), naye aliurudia ubeti mmoja mara nyingi kadiri wasikilizaji walivyomshangilia, kila mara akiupamba kwa namna nyingine. Wimbo mmoja uliweza kuchukua nusu saa na zaidi, na hapakuwa na mtu aliyelalamika, kwani huko kurudia ndiko walikokufuata watu. Katika ukumbi wa sinema hali ni nyingine kabisa. Muimbaji aliye kwenye pazia hawasikii wanaomshangilia, kwa hiyo hawezi kuwajibu. Mkanda mmoja wa filamu wa futi 1,000 huchukua dakika zipatazo 11, na wimbo wa jukwaani wa nusu saa ungekula karibu mikanda mitatu mizima ilhali wahusika wamesimama pale pale walipoanzia.

Abdel Wahab aliingia katika filamu mwaka mmoja baadaye. Alikuwa kijana wa miaka thelathini na kidogo, tayari ana jina kubwa katika santuri, na tayari amelelewa kisanaa na mshairi Ahmed Shawqi, ambaye alifariki mwaka 1932. Filamu yake ya kwanza, Al-Warda al-Bayda, yaani Waridi Jeupe, iliongozwa na Mohamed Karim na ikaoneshwa Cairo kwa mara ya kwanza mwezi wa Disemba 1933. Hadithi yake ni ya karani maskini anayempenda binti wa tajiri anayemuajiri, akalazimika kumuacha kwa ajili ya tofauti ya hali zao, na mwisho akawa muimbaji mashuhuri. Kwa kuwa Misri ilikuwa bado haina studio ya sauti iliyokamilika, sehemu za sauti zilipigwa Paris.

Sasa tazama mtunzi alifanya nini. Kwanza aliukata wimbo kwa kipimo cha tukio, kama fundi anavyoikata kanzu kwa kipimo cha atakayeivaa. Dakika chache zilimtosha, naye Karim kwa upande wake alisisitiza kwamba wimbo usizidi hapo. Kufupisha huku hakukuwa jambo jepesi. Ukichukua wimbo wa kale ukauondolea marudio, kinachobaki ni mifupa, kwa sababu utamu wake ulikuwa ndani ya marudio yenyewe. Ilibidi mtunzi auhamishe ule utamu kutoka katika koo la muimbaji na kuutia katika utunzi: katika muqaddima wa ala unaofungua mlango kwa sekunde chache tu, katika mahadhi yanayobadilika kutoka ubeti mmoja hadi mwingine badala ya kurudiwa, na katika vipande vya ala vinavyounganisha beti. Msikilizaji aliyezoea kungoja dakika kumi ndipo apate raha yake, sasa aliipata mapema, na akatamani kuusikia wimbo tena kesho.

Pili, aliufunga wimbo. Ule wa jukwaani ulikuwa wazi, kila usiku ukitoka na sura yake, na mpigaji alikuwa na nafasi ya kuongeza lake. Wa filamu ulirikodiwa mara moja na kuoneshwa mara elfu, ukiwa vile vile Cairo, Beirut na Unguja. Jambo hili lilihamisha mamlaka. Zamani aliyekuwa akitukuzwa usiku ule ni muimbaji. Sasa aliyeamua kila sauti kabla haijapigwa alikuwa mtunzi, na wapigaji walimfuata.

Tatu, na hapa ndipo ninapomvulia kofia zaidi, aliupa kila wimbo kazi katika hadithi. Karani anapokuwa na matumaini mahadhi yanakuwa na mwendo. Anapokata tamaa mwendo unalegea. Katika filamu zilizofuata alikwenda mbali zaidi, akatunga nyimbo za majibizano ambamo wawili wanazungumza kwa kuimba na hadithi inasonga mbele ndani ya wimbo wenyewe. Yahya al-Hubb ya mwaka 1938 ilimpa muimbaji Layla Murad nafasi yake kubwa ya kwanza kwenye pazia. Yawm Said ya mwaka 1940 ina sehemu iliyotokana na mchezo wa kuigiza wa mashairi wa Shawqi, Majnun Layla, na sauti ya kike ndani yake ni ya Asmahan. Katika Rasasa fi al-Qalb ya mwaka 1944 kuna majibizano juu ya tabibu wa macho baina yake na Raqia Ibrahim ambayo, nionavyo mimi, ndiyo kazi yake iliyokamilika kuliko zote za filamu, kwa sababu ukiyaondoa mahadhi yale, tukio zima linapotea. Hapo huwezi tena kusema kwamba wimbo umepachikwa.

Mwenzako ana haki katika jambo moja. Abdel Wahab hakuwa muigizaji mkubwa. Uso wake ulikuwa mzito mbele ya kamera, na Karim alifanya kazi ya subira kumpangia matukio yaliyomfaa. Wawili hawa walifanya pamoja filamu zote saba za Abdel Wahab kama muigizaji mkuu, kuanzia Waridi Jeupe hadi Lastu Malakan ya mwaka 1946. Lakini usisahau kwamba Abdel Wahab alitia pia mtaji wake katika filamu hizo, akishirikiana na kampuni ya santuri ya Baidaphon. Mtunzi aliyekuwa pia mwenye mali aliweza kukataa, na wengi waliomfuata hawakuwa na nguvu hiyo.

Jambo la mwisho kabla hatujahama. Ninapozungumzia muziki wa filamu hizo za mwanzo, nakusudia hasa nyimbo. Ule muziki unaopita chini ya matukio bila ya muimbaji ulichelewa kupata watunzi wake. Sifa ya sanaa hiyo ni ya watu kama Andre Ryder na Fouad el-Zahiri, ambao kazi zao kubwa ni za miaka ya 1950.

Maalim, nimesikia kwamba Abdel Wahab alichukua rumba na tango na vipande vya muziki wa Wazungu akavitia katika nyimbo zake. Ikiwa ni hivyo, vipi muziki huo unaitwa muziki wa taifa la Misri? — Msomaji wa Wete, Pemba

Ulichosikia ni kweli, na si siri. Ndani ya Waridi Jeupe yenyewe kuna wimbo Jafnuhu allama al-ghazal, ambao umejengwa juu ya mdundo wa rumba, na katika Dumu al-Hubb, filamu yake ya pili, kuna wimbo unaokwenda kwa tango. Wahakiki wa Cairo walimshutumu tangu siku hizo kwa kuchota kwa watunzi wa Ulaya, na shutuma hizo hazikumuacha hadi alipofariki mwaka 1991.

Swali lako, hata hivyo, linachukulia kwamba muziki wa taifa ni ule usioguswa na mgeni, nami sikubaliani nalo hapo. Tazama wimbo huo wa rumba: maneno yake ni shairi la Kiarabu fasaha la Bishara al-Khuri, mshairi wa Lebanon, si wa Misri. Kwa hiyo wimbo mmojawapo maarufu kabisa wa filamu ya kwanza ya Abdel Wahab una mdundo wa Cuba na maneno ya Mlebanoni, na bado hakuna Mmisri aliyeusikia akadhani si wake. Kilichoufanya uwe wake ni namna mahadhi yanavyoyatii maneno. Silabi ndefu ya Kiarabu inapata sauti ndefu, fupi inapata fupi, na mdundo wa kigeni unabaki chini ukimbeba muimbaji bila ya kumuamrisha. Na katika filamu hiyo hiyo yumo Shawqi na shairi lake Al-Nil Nagashi, katika Kiarabu cha mitaani cha Misri, akiusifu mto Nile kama kijana wa Kihabeshi mwenye rangi ya maji ya kunde. Mtunzi aliyeweza kuviweka viwili hivyo katika hadithi moja alikuwa akijua anachokifanya.

Inafaa pia tuangalie wakati wenyewe. Misri ilikuwa imetoka katika mapinduzi ya mwaka 1919 dhidi ya Waingereza, na sauti ya mapinduzi yale ilikuwa Sayed Darwish, mtunzi wa michezo ya kuigiza ya nyimbo, aliyefariki mwaka 1923 akiwa bado kijana. Alipokufa aliacha mchezo wa Cleopatra na Mark Antony haujamalizika, na aliyeumaliza, kwa ajili ya muimbaji Munira al-Mahdiyya, alikuwa Abdel Wahab, mwaka 1927. Kwa hiyo ile fikra ya kwamba mahadhi yanapaswa kumchora mhusika na hali yake hakuivumbua kwa ajili ya filamu. Aliipokea jukwaani kutoka kwa mtu aliyekuwa akiliimbia taifa, kisha akaipeleka penye kamera. Upande wa fedha nao ulikuwa na nia hiyo hiyo. Talaat Harb, aliyeanzisha Benki ya Misr mwaka 1920 ili Wamisri wawe na benki yao wenyewe, ndiye aliyesimamisha Studio Misr, iliyofunguliwa mwaka 1935. Baada ya hapo hapakuwa tena na haja ya kusafiri hadi Paris kwa ajili ya sauti.

Kuna kipengele cha kitaalamu ambacho napenda wasomaji wakijue, kwa sababu kinatugusa na sisi. Mwaka 1932 ulifanyika Cairo mkutano mkubwa wa muziki wa Kiarabu, uliohudhuriwa hata na watunzi wa Ulaya kama Béla Bartók na Paul Hindemith, na mojawapo ya mambo yaliyobishaniwa ni ala za Kizungu. Piano ina tatizo: sauti zake zimekwisha kugawiwa nusu kwa nusu, na haiwezi kutoa zile sauti za robo ambazo maqamu (ngazi za sauti za muziki wa Kiarabu) kama rast, bayati na sika haziishi bila yake. Fidla, selo na besi hazina tatizo hilo, kwani shingo zake hazina vigawio na kidole cha mpigaji ndicho kinachoamua. Hii ndiyo sababu Abdel Wahab na wenzake, walipoikuza takht ikawa kundi kubwa, waliongeza fidla nyingi, wakatia selo na besi chini yake, na wakabaki na kanuni na nai katikati. Waliongeza uzito wa sauti bila ya kuzipoteza maqamu. Pale walipotumia ala ambazo sauti zake zimefungwa, kama piano, aghalabu walichagua maqamu zinazokubaliana nazo. Mchanganyiko ule ulikuwa na hesabu ndani yake.

Maalim, bibi yangu, ambaye ni mtu wa Ng'ambo, anasema kwamba fidla nyingi na selo katika taarabu zilikuja kwa sababu ya sinema za Kimisri. Skuli nimefundishwa kwamba taarabu ililetwa na Seyyid Barghash. Nimuamini nani? — Msomaji wa Kikwajuni, Unguja

Muamini bibi yako, na uamini pia ulichofundishwa, kwani wanazungumzia zama mbili tofauti. Masimulizi yetu yanasema kwamba Seyyid Barghash, aliyetawala kuanzia 1870 hadi 1888, aliwaleta wapigaji kutoka Misri na akampeleka huko Mohamed Ibrahim kujifunza kanuni. Mwaka 1905 kikaundwa Nadi Ikhwan Safaa, ambacho kipo hadi leo. Lakini taarabu ya wakati huo ilikuwa ya kundi dogo, la namna ile ile ya takht niliyoieleza juu. Hata Siti binti Saad, aliyeitoa taarabu katika Kiarabu cha majumba ya wakubwa akaiimba kwa Kiswahili cha watu wote, na ambaye mwaka 1928 alikwenda Bombay kurikodi santuri za kampuni ya HMV, alifanya kazi na wapigaji wachache waliotosha kukaa chumba kimoja.

Taarabu ambayo bibi yako aliijua ujanani ilikuwa na sura nyingine: safu ya fidla, selo, besi, akodiani, kanuni, udi, nai, na nyuma yao dumbaki na rika. Hiyo ndiyo sura ya kundi la filamu la Cairo, na ilifika kwetu kwa njia tatu zilizosaidiana. Santuri zilitangulia. Redio ya Misri ilianza matangazo yake mwaka 1934, na kuanzia 1954 Cairo ilitangaza pia kwa Kiswahili. Na sinema ilikuwapo mjini tangu Royal ilipofunguliwa Vuga mwaka 1921, ambayo baadaye iliungua na pahala pake pakajengwa Majestic. Pemba nako, Wete na Chake Chake zilikuwa na kumbi zake. Wanawake walikuwa na maonesho yao peke yao, na ndiyo maana nyimbo nyingi za filamu ziliingia majumbani kwa midomo ya akina mama na kusikika jikoni na kwenye harusi.

Santuri ilimpa mpigaji sauti, lakini sinema ilimpa na sura: aliona wapiga fidla wangapi wamekaa, nani yuko mbele, upinde unashikwaje, muimbaji anasimama wapi. Naamini hili lilikuwa na athari kubwa kuliko tunavyolitaja. Hata Dar es Salaam, klabu iliyoanzishwa miaka ya 1930 ilijiita Egyptian Musical Club, jina linalotosha kueleza wapigaji walikuwa wakitazama upande gani. Hapa Unguja, mwaka 1958, kikaundwa kikundi cha Culture Musical Club, na kundi kubwa la fidla limekuwa alama yake.

Zaidi ya ala, kilichokuja ni umbo la wimbo. Sikiliza taarabu yoyote ya zamani ya Unguja: bashrafu au muqaddima wa ala, ubeti, kiitikio, kipande cha ala kinachounganisha, ubeti mwingine. Mpangilio huo wa vipande vilivyokwisha kuamuliwa kabla ya muimbaji kufungua kinywa ndio ule ule ambao mtunzi wa filamu alilazimika kuufuata. Hata rumba na bolero ambazo wapiga dumbaki wetu wanazo mikononi, sehemu yake ilipita Cairo kabla ya kufika kwetu.

Nisieleweke kwamba watunzi wetu walinakili tu. Mahadhi yaliyotungiwa Kiarabu hayakai juu ya Kiswahili bila ya kazi. Kiarabu kina silabi ndefu na fupi, na mahadhi ya Abdel Wahab yanazifuata. Kiswahili kinakazia silabi ya pili kutoka mwisho, na shairi letu lina mizani na vina vinavyotaka pumzi pahala pake. Ukiyachukua mahadhi ya Cairo kama yalivyo, mkazo utaangukia pasipostahiki na neno litageuka. Ilimbidi mtunzi wa Unguja avute hapa, afupishe pale, na mara nyingine aondoe kipande kizima, hadi mahadhi yakubali kina. Waliofanya hivyo vizuri walikuwa watunzi kwa haki yao. Na walifanya vivyo hivyo kwa nyimbo za filamu za Kihindi, ambazo katika miaka ya 1950 zilizidi kuutawala ukumbi wa sinema hapa kwetu. Lakini hiyo ni habari nyingine, na inastahiki jibu lake peke yake.

Je, Umm Kulthum naye alitunga muziki wa filamu zake? Na ilikuwaje yeye na Abdel Wahab wasikutane katika filamu hata moja? — Msomaji wa Chake Chake, Pemba

Bibi, Umm Kulthum alikuwa muimbaji, na nyimbo zake za filamu zilitungwa na wengine. Alicheza filamu sita: Widad ya mwaka 1936, ambayo ndiyo filamu ya kwanza iliyotoka Studio Misr, kisha Nashid al-Amal, Dananir, Aida, Sallama, na Fatma ya mwaka 1947. Waliobeba mzigo mkubwa wa utunzi ni watatu: Mohamed el-Qasabgi, Riyad al-Sunbati na Zakaria Ahmad. Ya Sunbati ni ile Ala Baladi al-Mahbub iliyo ndani ya Widad, wimbo wa kuitamani nchi ya nyumbani, na pia wimbo wa wanafunzi wa chuo kikuu ulio ndani ya Nashid al-Amal. Hizo mbili peke yake zinaonesha namna filamu ilivyokuwa imekwisha kuwa chombo cha kuliimba taifa.

Kuhusu Zakaria Ahmad, mkumbuke yule ambaye nyimbo zake ndefu ziliilemea Unshudat al-Fuad mwaka 1932. Mwaka 1945, katika Sallama, kwa maneno ya Bayram al-Tunsi, alitunga Ghanni li shwayya shwayya: wimbo mwepesi, wa wazi, unaoimbika na mtoto, na wakati huo huo umo ndani ya maqamu zake bila ya kuazima chochote Ulaya. Kwangu mimi huo ni ushahidi mzuri kwamba njia ya Abdel Wahab haikuwa njia pekee. Zakaria Ahmad alijifunza kipimo cha filamu akabaki na lugha yake ya zamani.

Abdel Wahab na Umm Kulthum walikuwa washindani kwa miaka mingi, kila mmoja na kundi lake na mashabiki wake. Walifanya kazi pamoja kwa mara ya kwanza mwaka 1964, kwa wimbo Enta Omri, na huo ulikuwa wa jukwaani, wala si wa filamu.

Shikamoo Maalim. Sisi ni vijana wa Mwanakwerekwe tunaotengeneza filamu fupi. Hutafuta nyimbo zilizo tayari na kuzibandika mwishoni. Umetueleza habari za wakubwa wa Misri. Sisi tuanzie wapi? — Msomaji wa Mwanakwerekwe, Unguja

Marahaba, wanangu. Anzeni kwa kumwita mtunzi mapema. Mnaposema "mwishoni" mmekwisha kulitaja tatizo lenu, kwa sababu filamu iliyokwisha kukatwa haina tena nafasi ya kupumua, na mtunzi hana la kufanya isipokuwa kuifunika. Mpeni hadithi ikiwa bado kwenye karatasi. Someni pamoja, mkubaliane ni matukio gani yanahitaji muziki na ni yapi yaachwe na sauti ya upepo, ya bahari au ya mtaa. Filamu ya dakika 15 inaweza kutosheka na muziki wa dakika nne, mradi kila kipande kimewekwa pahala ambapo mhusika amebadilika hali.

Ikiwa mhusika ataimba, rikodini wimbo kwanza, kisha siku ya kupiga picha muucheze kwa spika na muimbaji aufuate kwa midomo. Hapo mtaweza kulipiga tukio moja kutoka pembe nne bila ya mahadhi kuyumba. Ikiwa kuna mazungumzo, muwe waangalifu na ala zinazoimba katika kimo kile kile cha sauti ya binadamu. Fidla ikipiga mahadhi yake chini ya mtu anayesema, vyote viwili vitapotea, ilhali selo yenye sauti moja ndefu itambeba msemaji bila ya kumziba.

Msibandike wimbo wa mtu bila ya idhini yake. Ofisi ya hakimiliki ya Zanzibar, COSOZA, ndiyo pahala pa kuuliza haki ya wimbo wa hapa kwetu iko kwa nani. Lakini njia bora zaidi ni kutungiwa, na watungaji mnao karibu: Chuo cha Muziki wa Nchi za Jahazi kimefundisha vijana wengi udi, kanuni na fidla tangu mwanzoni mwa miaka ya 2000, na wengi wao wanatafuta kazi kama hii. Mchukueni mmoja wao, mpeni tukio moja lililopimwa kwa sekunde, na mwambieni atunge kitu ambacho hakitatosha katika tukio jingine lolote. Kazi hiyo ya kwanza ikikamilika, nitafurahi kuiona.